Likizo Grenada: Toka Hotelini, Fuata Kungumanga

Mama yangu amechuma karafuu Pemba tangu hajaolewa. Mwaka aliokuja kunitembelea Toronto, baridi ya Februari ilimshika magoti hata kuswali kukawa tabu, nikaamua kumpeleka penye jua. Nilichagua Grenada, kisiwa kidogo cha Karibiani, kwa sababu kuna ndege ya moja kwa moja na kwa sababu bendera yao imechorwa kungumanga, kiungo kama ilivyo karafuu. Nilidhani hilo la bendera litamfurahisha tu. Kumbe ndilo lililokuja kuwa likizo yetu nzima.

Siku mbili za mwanzo tulizipoteza. Tulikaa hotelini Grand Anse, tukala vya hoteli, tukaangalia maji. Ufukwe ni mzuri, sikatai: mchanga mweupe wa karibu kilomita tatu, bahari imetulia kama ya Pemba wakati wa maleleji. Siku ya tatu asubuhi mama akaniuliza, "Mwanangu, wenyewe wa hapa wako wapi?" Niliona haya. Tukavaa, tukatoka.

Basi, ushauri wangu wa kwanza ni huo: panda basi. Namba 1 ndilo linalokwenda kati ya Grand Anse na St. George's, mji mkuu. Mtu aliyezoea daladala au matatu hahitaji kufundishwa. Ni vipanya, muziki juu, konda anakubana mpaka mstari ujae, na ukitaka kushuka unagonga bodi. Jambo moja tu ulishike: salimia unapopanda. Kule, ukiingia basini, dukani au ofisini bila kutoa salamu ya asubuhi au ya mchana, umeshaonekana huna adabu, na utahudumiwa kwa uso uliokunjwa. Watalii wengi hawalijui hili, kisha wanalalamika kwamba watu ni wakali. Mama, ambaye Kiingereza chake ni cha maneno matano, alijifunza salamu mbili tu, na siku ya pili tayari konda mmoja alikuwa anamwita mama na kumwekea nafasi mbele.

Jumapili usiyategemee mabasi. Tulisimama kituoni saa nzima na zaidi, tukarudi.

Mavazi nayo uyaangalie. Nguo za kuogelea ni za ufukweni, mjini usizivae. Na nguo za mabakamabaka ya kijeshi ni marufuku kwa raia, hata kofia, hata ya mtoto, kama ilivyo kwenye visiwa vingine kadhaa vya huko. Ziache nyumbani. Mama alitembea na kanga zake kisiwa kizima na kila mahali alisimamishwa aulizwe zimeandikwa nini.

Sasa Gouyave. Ni mji wa wavuvi upande wa magharibi, na ukiwa na siku moja tu Grenada, nakuomba uitumie huko. Kuna kituo cha kutayarisha kungumanga, jengo kubwa la zamani la mbao, na kwa kiingilio kidogo unapitishwa ndani kuona kazi yenyewe. Tunda la kungumanga ni la manjano kama pera lililoiva. Likikomaa linapasuka lenyewe, na ndani unakuta mbegu nyeusi imevishwa wavu mwekundu, mwekundu kweli kama midomo iliyopakwa rangi. Wavu ule ndio basbasi, nayo ni kiungo. Unabanduliwa taratibu kwa mkono, unaanikwa peke yake. Mbegu inakaushwa kwa wiki kadhaa kwenye machano ya mbao, inavunjwa gamba, kisha kokwa linatiwa majini: zito linazama, hilo ni la daraja la juu, jepesi linaelea, linatengwa.

Wanaochambua ni wanawake, wengi wao wa makamo, wameketi kwenye mabenchi na vikapu mbele yao. Mama alisimama nyuma ya mmoja wao akaangalia vidole vyake kwa muda mrefu. Halafu akaniambia, "Huyu anachambua kama sisi tunavyotoa makonyo ya karafuu." Yule bibi aligeuka, akamtazama mama mikono, akamsogezea nafasi kwenye benchi. Nilibaki kuwa mkalimani wa watu wawili waliokuwa wakielewana bila mimi. Mama alimweleza karafuu inavyochumwa, majamvi, mvua inavyoweza kukuharibia kazi ya wiki. Bibi akamweleza kimbunga Ivan, Septemba 2004, kilivyong'oa minazi, mapaa na mikungumanga. Kabla ya hapo Grenada ilikuwa ya pili duniani kwa kungumanga, nyuma ya Indonesia. Mti huu haukui kwa msimu mmoja. Unapanda leo, unasubiri miaka hata uone tunda. Wakulima wengine hawakupanda tena. Mama alilia kidogo. Anajua maana ya mti kuanguka.

Wanauzaje? Mkulima analeta kungumanga zake kituoni kwa ushirika wao, analipwa kiasi papo hapo na nyongeza baadaye. Mama, aliyezoea kupeleka karafuu vituo vya ZSTC, shirika la serikali ya Zanzibar linalonunua karafuu, aliuliza bei ya ratili moja, akapiga hesabu kichwani, akatikisa kichwa. Nilimweleza kwamba karafuu yetu na kungumanga yao asili yao ni kulekule, visiwa vya Maluku, Indonesia, na kwamba wakoloni na wafanyabiashara ndio walioitawanya miche, huku mmoja, kule mwingine. Akasema basi hawa ni jamaa.

Ukienda siku ya Ijumaa, usirudi mapema. Jioni Gouyave wanafunga barabara mbili nyembamba na kuuza samaki: wa kuchoma, wa kukaanga, kamba, pweza. Nenda na njaa.

Kuhusu chakula, usiondoke bila kula oil down, chakula chao cha taifa. Tulikuwa huko wakati wa sikukuu ya uhuru, tarehe 7 Februari (walipata uhuru mwaka 1974), na kila mtaa ulikuwa na sufuria juu ya mafiga. Wanapanga shelisheli, majani ya majimbi, matonge ya unga, manjano na nyama ya chumvi, wanamwagia tui zito, wanaacha lichemke mpaka tui lote liingie na mafuta yabaki chini. Mama alionja akasema ni shelisheli la nazi, wao wamezidisha vitu. Angalizo kwa Waislamu: mara nyingi nyama hiyo ni mkia wa nguruwe. Uliza kabla sahani haijaja. Wengine hupika kwa kuku au samaki wa chumvi, na sisi tulipata ya kuku bila shida. Keki nyeusi nazo hutiwa ramu, ulizia.

Kwa wenye magoti mazuri, juu milimani kuna Grand Etang, ziwa lililojaa kwenye shimo la volkano ya kale, na kima aina ya mona ambao asili yao ni Afrika Magharibi, walioletwa zama za meli za watumwa. Wapiga mbizi watapenda Molinere, ambako tangu 2006 kuna masanamu ya binadamu chini ya bahari, watoto wameshikana mikono kwenye duara na matumbawe yanaota juu yao. Mimi niliyaona kwa miwani ya kuogelea nikiwa juu tu, na bado yananijia usiku.

Ufukweni, jifunze kuutambua mti mmoja: manchineel. Una vitunda vya kijani kama tufaha dogo, na ni sumu tupu. Utomvu wake unababua ngozi, hata maji ya mvua yanayotiririka kwenye majani yake. Ukinyeshewa, usikimbilie chini ya mti usioujua, na mtoto asiokote tunda lolote mchangani.

Dola yao ya Karibiani Mashariki imefungwa kwenye 2.70 kwa dola moja ya Marekani, kwa hiyo bei ukitajiwa "dola", uliza ni dola ipi. Wakati mzuri ni Januari hadi Mei, kiangazi chao. Msimu wa vimbunga ni Juni hadi Novemba. Tarehe 1 Julai 2024 kimbunga Beryl kilikipiga kisiwa chao kidogo cha Carriacou na kukiacha karibu bila mapaa. Ukiweza, panda kivuko uende, ulale huko japo usiku mmoja, fedha yako iwafikie. Na kwa anayetoka nyumbani na pasipoti ya Tanzania: ukipitia Marekani unahitaji viza hata kama unabadilisha ndege tu. Litazame hilo kabla hujalipa tiketi.

Kungumanga za zawadi nunua sokoni St. George's Jumamosi asubuhi, na nunua zikiwa ndani ya gamba, maana hukaa muda mrefu zaidi. Itikise sikioni: ikigonga ndani, imekauka. Mama alitikisa moja moja, ishirini nzima, huku watu wamejipanga nyuma yake. Alipolipa akanyoosha kiganja akasema kwa Kiswahili, "Na nyongeza?" Muuzaji hakuuliza maana yake. Akamtilia tatu.