Maktaba ya Pamoja na Folda ya Debug: Kwa Mliojiunga Mwezi Huu

Wadogo zangu, juzi nilifungua mafaili ya miradi ya .NET ya vijana watatu walioanza kazi nasi hapa Dodoma, na katika mawili HintPath, yaani mstari unaoonyesha faili la maktaba liko wapi, inaelekea bin\Debug, folda ya toleo la majaribio, ya maktaba yetu ya pamoja (msimbo unaotumiwa na programu zetu nyingi). Nilicheka, kisha nikanyamaza, kwa kuwa kosa hilo nililifanya kabla yenu na nauli yake nililipa mwenyewe.

1. Miradi ikiwa ndani ya solusheni moja (kundi la miradi inayofunguliwa pamoja), tumieni ProjectReference, yaani rejeleo kwa mradi wenyewe badala ya faili lake. MSBuild, chombo kinachojenga programu, itajua ni upi ujengwe kwanza na kwa usanidi upi: Debug wa majaribio au Release wa kumpelekea mteja.

2. Hapa ndipo penye kidonda changu. Nilikuwa na programu ya ankara kwa mteja wa Singida, na maktaba ya kukokotoa ilikuwa na solusheni yake ya pembeni. Nilipoongeza rejeleo nilibofya Browse, nikachagua DLL (faili la maktaba iliyokwisha kujengwa) ya kwanza kuonekana, yaani ya Debug. Mteja akalalamika kwamba punguzo linakatwa mara mbili. Nilirekebisha msimbo, majaribio ya maktaba yakapita, nikajenga maktaba na programu kwa Release, nikawahi basi la alfajiri stendi ya Nanenane. Punguzo likakatwa mara mbili vilevile. Nilirudi, nikausoma msimbo hadi usiku wa manane bila kuona dosari, nikajenga upya kwa Release, nikapanda basi tena. Safari hiyo mama mhasibu alinipa chai na swali moja: “Mwanangu, hicho ulichorekebisha hukukisahau Dodoma?” Alikuwa amepatia kuliko alivyojua. DLL mpya ilikuwa imelala katika bin\Release ya kompyuta yangu, huku programu ikinakili ile kuukuu ya bin\Debug, ambayo sikuwa nimeijenga tena tangu siku niliyoirejelea. Onyo halikutokea, kwani faili lilikuwepo, na MSBuild haiulizi umri wake.

3. Mkilazimika kurejelea faili, fungueni .csproj, yaani faili la mradi, wenyewe mwandike $(Configuration) palipo na neno Debug; MSBuild itaweka hapo jina la usanidi unaojengwa. Kabla ya kupeleka kazi futeni bin na obj (folda za matokeo ya ujenzi), za maktaba zikiwemo, kisha mjenge upya, ili onyo la MSB3245, la rejeleo lisilopatikana, kama lipo litokee ofisini.

4. Maktaba ya miradi mingi ifungashwe kwa NuGet, mfumo wa vifurushi vya .NET. Folda ya kawaida kwenye seva yetu inatosha kuwa chanzo, hata intaneti ikikatika.

Yule wa tatu, aliyenakili DLL kwa flashi akaiweka kwenye Desktop, aje mezani kwangu kesho. Njia ya faili aliyoiandika kwenye mradi imebeba jina lake la mtumiaji, na hapa ofisini hakuna mashine nyingine inayomfahamu.