Maswali ya Wasomaji: Leseni ya kuchimba dunia ya pili

SWALI: Shikamoo mhariri. Mimi ni kijana wa Makongolosi, wilayani Chunya. Ninaandika hadithi ndefu ya kubuni kuhusu nchi iliyogundua kwamba chini ya maduara yake, yaani mashimo ya wachimbaji, kuna dunia nyingine inayofanana na yetu, na kwamba dhahabu iliyokwisha huku bado imejaa kule. Serikali hutoa leseni za kuvuka na kuchimba, na wengi hawarudi. Wenzangu walioisoma wanasema mambo ya leseni yanachosha, niyaondoe nibakize hatari peke yake. Je, niwasikilize? Na mirabaha, yaani malipo ya serikali kwa madini yaliyochimbwa, ilipwe upande upi?

JIBU: Marahaba, ndugu yetu. Leseni usiiondoe. Mtu akitumbukia katika shimo la porini, msomaji atasikitika na kufungua ukurasa unaofuata. Lakini akifukiwa katika duara lililokaguliwa, likalipiwa ada na kupigwa muhuri, msomaji ataanza kuuliza ni nani aliyekagua, na kwa nini hati ilisema matimba, yale magogo ya kuzuia kuta zisiporomoke, ni imara ilhali yalikuwa yameoza. Maswali hayo ndiyo yanayoweza kubeba hadithi ndefu, kwa kuwa watu wanaokufa mmoja baada ya mwingine bila mtu wa kuulizwa hawatoshi kujaza hata sura tatu.

Kasoro tunayoiona ni kwamba leseni yako haijasema inaruhusu nini na inaishia wapi. Tazama sheria yetu wenyewe. Leseni ndogo ya uchimbaji, ambayo hutolewa kwa Watanzania, hudumu kwa miaka 7 na huweza kuhuishwa, na mipaka ya eneo lake hupimwa juu ya ardhi. Mwamba wenye madini, hata hivyo, haushuki wima kwa kufuata mipaka hiyo. Hulala mshazari na kuingia kwa jirani. Huko Mererani, kwenye tanzanaiti, mitobozano imezaa magomvi ya miaka mingi: njia za chini za wachimbaji wawili hukutana gizani, kila mmoja ana karatasi halali, na kila mmoja anadai kwamba mwenzake ndiye aliyevuka.

Hadithi yako ni mtobozano tangu ukurasa wa kwanza, ila hujauandika hivyo. Kama dunia ya kule inafanana na yetu, basi nako iko Makongolosi, iko ofisi ya madini, na yuko kijana mwenye sura yako na leseni yenye namba kama yako. Unaposema dhahabu ya kule imejaa, umeshaamua kwamba hao wenzetu hawakuichimba, na huna budi kumweleza msomaji sababu. Eneo la Lupa, hukohuko Chunya, limechimbwa dhahabu tangu miaka ya 1920. Ni nini kilichowazuia wa kule kwa muda wote huo? Huenda sheria yao inakataza, au waliwahi kuchimba wakaona jambo lililowafanya wafukie mashimo yao. Kwa maoni yetu sababu hiyo ya pili ina uzito zaidi, ingawa uamuzi ni wako.

Usijisumbue sana kutafuta ushahidi wa kisayansi. Hugh Everett, mwanafizikia wa Marekani, alitoa mwaka 1957 nadharia ambayo baadaye ilielezwa kuwa ya dunia nyingi, lakini dunia hizo, zikishaachana, haziruhusu mtu kuvuka kutoka moja kwenda nyingine. Kuvuka ni uongo wako wewe mwandishi, na msomaji atakupa ruhusa ya uongo mmoja tu. Kwa hiyo hatari nyingine zote ziwe za kweli, na mgodini hazikosekani: mashine ya petroli ya kuvutia maji inayowashwa chini ya shimo hutoa kaboni monoksaidi, hewa ya sumu isiyo na harufu, na vumbi la mawe huharibu mapafu polepole hata baada ya mtu kuacha kazi. Mnyama wa ajabu uliyemweka katika sura ya nne, kwa kweli, hatukumwogopa. Tungemwogopa zaidi mkaguzi ambaye mamlaka yake yanaishia kwenye mdomo wa duara, akatia saini kwamba pande zote mbili ni salama ilhali upande wa pili hajawahi kuuona.

Iandike pia saa ya kupanda. Msimamizi amekaa juu ya kiroba cha mawe, daftari likiwa gotini. Asubuhi aliandika majina tisa ya walioshuka. Sasa kila anayetoka anakatwa jina lake kwa kalamu. Majina tisa yamekwisha kukatwa na kamba bado ni nzito. Anapanda mtu wa kumi, anasalimia, anamwulizia mtoto wa msimamizi kwa jina, kisha anadai mgao wake wa viroba. Jina lake limo daftarini na limeshakatwa. Hapo leseni inakuwa kiini cha hadithi, kwa kuwa ilitolewa kwa mtu mmoja na wamesimama wawili.

Kuhusu mirabaha, huku kwetu kiwango cha kawaida kwa dhahabu ni asilimia 6, pamoja na ada ya ukaguzi ya asilimia 1. Serikali mbili zikitoza kila moja kiasi hicho kwa mzigo uleule, wachimbaji watakimbilia magendo, na ukuta kama ule uliojengwa kuzunguka migodi ya Mererani mwaka 2018 hautasaidia chochote, maana njia ya kutorokea imo ndani ya duara lenyewe. Tunashauri mirabaha ilipwe kule, kabla mzigo haujavuka. Anayelipa atalazimika kuandikisha jina lake katika ofisi ya upande ule, mbele ya karani anayemfahamu vizuri mwenye jina hilo.