Kindi dume au jike? Tazama chini ya mkia

Ndugu uliyeuliza utawatofautishaje kindi wa kwenye mbuyu wako hapo Dodoma: rangi na ukubwa havitakusaidia, dume na jike hufanana mno. Subiri apande shina au asimame kwa miguu ya nyuma, umtazame chini ya mkia. Kwa jike, tundu la uzazi na la haja kubwa yako karibu sana, karibu kugusana. Kwa dume kuna nafasi ya wazi katikati, na msimu wa kupandana korodani huonekana bila shida. Ukiona chuchu zimejitokeza, huyo ananyonyesha. Tafadhali usimkamate ili umkague: anang'ata vibaya, na ukimzuia mama, watoto watakufa njaa tunduni.