Uliza Bibi: Mungu Anayefuma na Kaka Aliyekufa Maji

SWALI: Shikamoo Bibi. Ninaandika riwaya ya ulimwengu wa kubuni uitwao Ruwaza. Humo yumo mungu wa kike, Mwanauzi, anayefuma maisha ya viumbe wote katika nguo moja. Anaona yote, hachoki, hakosei. Shujaa wangu, Seta, anapanda mlima na mtoto wake mgongoni, akamwombe amrudishie kaka yake aliyekufa maji miaka 6 iliyopita. Rafiki yangu amesoma sura 8 akaniuliza, "Kama yote yamekwisha kufumwa, mimi nihangaike na nini?" Tangu hapo nimekwama. Nimfute Mwanauzi?

JIBU: Marahaba, mwanangu. Usimfute, nakuomba. Rafiki yako ameuliza swali la haki, lakini Mwanauzi hana kosa. Umempa kazi ya kufuma, kisha ukamfanya aandike. Lugha yetu yenyewe inatuvuta huko: liandikwalo ndilo liwalo. Majaaliwa tumezoea kuyaona kama wino, ukishakauka umekauka. Nguo haiko hivyo.

Wala usiwaige Moirai, wale miungu watatu wa kike wa majaaliwa wa Wagiriki wa kale. Watazame vizuri: Clotho husokota uzi, Lachesis huupima, Atropos huukata. Hakuna anayefuma. Kila mtu ana uzi wake, na unakatwa peke yake. Wewe umechagua nguo, na ndani ya nguo hakuna uzi usioshikwa na mwingine. Hapo ndipo utajiri wa hadithi yako ulipo, nawe umeupita mbio.

Mimi nilifundishwa kufuma na shangazi yangu nikiwa na miaka 14. Kwanza tulitanda mtande, zile nyuzi ndefu zinazokazwa kwenye kitanda cha mfumi kabla ya kazi kuanza. Halafu ndipo mshindio hupita kukatiza, juu ya uzi huu, chini ya ule, kwenda na kurudi. Nilikosea kupanga nyuzi mbili za mtande, nikagundua siku ya pili: mstari mwembamba wa kosa ulikuwa umekimbia toka mwanzo wa nguo hadi nilipofikia. Nikalia. Shangazi hakunigombeza. Alinionyesha kwamba kosa la mtande huifuata nguo yote, lakini la mshindio hukaa pale pale lilipotokea, na linaweza kuondolewa.

Ila linaondolewa kwa gharama. Uzi wa mshindio ni ule ule mmoja: ukifika ukingoni hugeuka na kurudi. Kwa hiyo huwezi kuchomoa mstari wa 10 ukauacha wa 11 na wa 12 salama. Unafumua kuanzia ulipo sasa, mmoja mmoja, kurudi nyuma, hadi ulifikie kosa. Na uzi uliofumuliwa huwa umechoka. Umejikunja, umetoa manyoya, na ukiufuma tena hauwi imara kama mwanzo.

Sasa mrudie Seta. Mtoto aliye mgongoni kwake ana umri gani? Kama hajafika miaka 6, basi amefumwa baada ya mauti ya mjomba wake. Mwanauzi anaweza kumrudisha kaka, tena bila chuki wala hila, lakini sharti afumue kila mstari uliofuata, na mtoto yumo katika mistari hiyo. Mwambie rafiki yako hivyo, kisha umsikilize kama atauliza tena ahangaike na nini.

Mtande uwe mambo ambayo hata Mwanauzi aliyakuta: kwamba viumbe huzaliwa, kwamba maji huzamisha, kwamba mauti yapo. Nani aliutanda? Usiseme. Nimesoma miswada mingi ya vijana iliyopoteza nguvu mahali hasa ambapo mwandishi alianza kueleza nani aliyemuumba muumba.

Futa pia "anaona yote". Mfumaji huona kipande kidogo tu kilicho mbele yake. Kilichokwisha huviringishwa kwenye gogo. Akitaka kutazama jana lazima akunjue. Mpe mgongo unaouma na vidole vyenye sugu. Mungu anayeinama kutafuta mstari wa kifo cha mtu mmoja, kwa sababu dada yake amekuja kuomba, huyo nitamwamini.

Kwa hiyo andika sura ya 9 hivi: Seta amefika, hajamaliza maneno yake. Mwanauzi anakunjua nguo, anakishika kidole cha Seta na kukiweka juu ya mshindio anaoutaka. Kisha anaanza kuhesabu kwa sauti mistari iliyofuata, akitaja kilichomo katika kila mmoja. Usimpe Seta jibu. Mwache asikie hesabu inavyokaribia jina la mwanawe, na mtoto awe amelala.