Pango la Barafu Mwezi wa Saba: Nani Anasema Kweli?

SWALI: Kaka, habari za kazi. Mimi ni Mtanzania, naishi Aarhus huku Denmark. Mwezi wa saba tunakwenda Iceland, mimi, mume wangu na mtoto wetu wa miaka 12. Tunataka kutembea juu ya barafu na mwongozaji, halafu tuingie kwenye pango la barafu, yale ya bluu. Kampuni moja imeniambia mapango hayaingiliki mpaka mwezi wa kumi na moja. Nyingine iko tayari kupokea pesa yangu hata leo. Nani mkweli? Na hao waongozaji wanajuaje kwamba dari haitaanguka? La mwisho: nilipanda Kilimanjaro 2019 na buti ninazo bado. Zitafaa, au ninunue nyingine?

JIBU: Dada, kazi inakwenda, ahsante. Huenda wote wawili ni wakweli, kwa sababu hawauzi kitu kimoja. Nimeongoza wageni Kilimanjaro kwa miaka mingi kabla ya kuanza kuja kusini mwa Iceland misimu ya baridi, na kila mwaka swali lako naulizwa na watu waliokwisha kulipa. Wewe umewahi.

Nianze na barafu yenyewe, maana ukiielewa hiyo, nusu ya maswali yako yanajijibu. Kule Kilimanjaro, ulipotoka Stella Point kwenda kilele cha Uhuru, uliyaona yale makuta meupe upande wa kushoto. Ile ni barafu ya baridi na hewa kavu. Sehemu yake hupotea kwa kugeuka mvuke moja kwa moja, bila kupita kwanza kwenye maji. Ndiyo maana imesimama wima kama ukuta wa nyumba, na ndiyo maana huko juu hukusikia mto ukivuma chini ya miguu yako.

Vatnajökull, barafu kubwa ya Iceland, ni kiumbe kingine. (Jökull ndiyo barafu ya mlimani kwa Kiaislandi, ile ambayo vitabu vyetu siku hizi vinaiita barafuto. Ukitamka mwisho wake kama "tl" wenyeji watafurahi.) Ina ukubwa wa takribani kilomita za mraba 7,700, kama asilimia 8 ya nchi nzima, na penye unene mkubwa inakaribia mita 950. Lakini la kushika hapa ni joto lake: ukiacha tabaka la juu linaloganda wakati wa baridi, barafu hii karibu yote iko palepale kwenye nyuzi 0, mpakani mwa kuganda na kuyeyuka. Kwa hiyo imejaa maji.

Kiangazi kikifika, maji yanatiririka juu ya barafu, yanapata ufa, yanauchimba mpaka unakuwa kisima. Kisima hicho huitwa mulini, jina lililotokana na kinu cha Wafaransa, kwa jinsi maji yanavyozunguka yakishuka. Chini yanajichongea njia mpaka yatokee kwenye ncha ya barafu kama mto. Vuli inapoingia, baridi inafunga bomba: maji yanapungua, njia inabaki tupu, na hiyo njia tupu ndiyo pango unaloliona kwenye picha. Ni mtaro wa maji uliokauka kwa muda. Kuuingia mwezi wa saba ni sawa na mtu wa Dar kufunua mtaro wa Jangwani katikati ya masika na kushuka ndani akapige picha.

Ndiyo maana msimu wa mapango ya bluu, hasa yale ya Breiðamerkurjökull, tawi la Vatnajökull karibu na ziwa la Jökulsárlón, huanza mnamo Novemba na kuisha Machi. Na pango la mwaka huu si la mwaka jana. Barafu inasogea, inabana, inayeyuka. Kila vuli waongozaji wanazunguka upya kutafuta yaliyopo. Picha uliyoonyeshwa na kampuni inawezekana ni ya pango ambalo halipo tena duniani.

Sasa huyo wa pili, aliye tayari kupokea pesa leo. Muulize pango liko wapi. Akisema Kötlujökull, karibu na mji wa Vík, anauza ziara ambayo kwa miaka kadhaa imekuwa ikifanyika mwaka mzima. Barafu hiyo inatoka kwenye volkano ya Katla, ile iliyolipuka kwa kishindo mwaka 1918, na imejaa majivu meusi. Majivu yana tabia ya ajabu. Yakiwa vumbi jembamba yananyonya jua na kuharakisha kuyeyuka, lakini yakiwa mazito yanageuka blanketi na kuikinga barafu iliyo chini. Kwa hiyo hapo unakuta mapango na matao hata kiangazi. Usitegemee bluu ya kwenye matangazo: ni meusi, ya kijivu, yenye mistari ya majivu, na bluu kidogo hapa na pale. Wapo wanaoyapenda zaidi.

Mimi familia yangu nisingeiingiza chini ya dari ya barafu mwezi wa saba, hata hapo. Najua wenzangu kazini watanibishia, na baadhi yao wana uzoefu kunizidi. Lakini dari inayodondosha maji mchana kutwa ni dari inayopungua mchana kutwa.

Tarehe 25 Agosti 2024, Jumapili, barafu iliporomoka kwenye Breiðamerkurjökull wakati kundi la watalii 23 lilikuwa kwenye ziara. Mwanamume mmoja Mmarekani alifariki, mwenzake aliumia na kuokolewa. Waokoaji walichimba mpaka siku ya pili, sehemu kubwa kwa mikono, wakiwatafuta watu wawili zaidi walioaminika kufukiwa. Hawakuwepo. Idadi ya kundi ilikuwa imekosewa. Baada ya hapo ziara za mapangoni zilisimamishwa, na ziliporudi zikarudi na masharti makali zaidi ya ukaguzi. Nakutajia hili kwa sababu mbili: ilikuwa Agosti, siyo Januari, na siku yako ikifika, hakikisha majina ya ninyi watatu yameandikwa kabla gari halijaondoka. Ukiona mtu anahesabu wageni kwa kukisia kwa macho, shuka.

Wanajuaje kwamba dari haitaanguka? Jibu la kweli: hawajui kwa uhakika, wanakadiria, na kazi yote iko kwenye kukadiria vizuri. Asubuhi kabla ya wageni tunakwenda wawili kukagua. Tunaanza na hali ya usiku: joto lilipanda juu ya 0? Mvua ilinyesha? Mvua ya Januari ni mbaya kuliko theluji nyingi, maana inarudisha maji kwenye ule mtaro. Tukifika tunanyamaza na kusikiliza. Mlio wa maji chini ya sakafu ambayo jana ilikuwa kimya unatosha kufunga siku. Halafu tunatazama nyufa, hasa zinazojipinda kuzunguka dari kama ukingo wa sahani, kwa sababu hizo zinachora kipande kitakachoshuka. Tunatazama umbo: tao lililojipinda vizuri hubeba uzito, dari bapa na pana haibebi kwa raha. Na tunapanda juu yake kuona kama kuna shimo jipya au mahali palipobonyea.

Mahali pabaya kuliko pote ni mdomoni. Pale jua na upepo vinafika, barafu ni nyembamba, na vipande vinaning'inia. Nilijifunza hilo kwa aibu. Msimu wangu wa kwanza niliwaacha wageni wapige picha kwenye mdomo wa pango, kila mtu na pozi lake. Tulipokwisha kusogea ndani, kipande cha ukubwa wa mfuko wa saruji kikadondoka palepale walipokuwa wamesimama. Hakuna aliyeguswa. Mzee mmoja katika kundi alinitazama bila kusema neno, na hilo lilitosha. Tangu siku hiyo mdomoni tunapita haraka, kofia ngumu kichwani, picha ni ndani, mahali nilipopachagua mimi.

Kuna jambo ambalo wauzaji wa ziara hawapendi kulieleza. Bluu hutokea kwa sababu barafu nene, iliyobanwa mpaka hewa ikatoka, hunyonya mwanga mwekundu na kuiachia bluu ipite. Lakini ili upate ile bluu inayong'aa kama taa, ni lazima mwanga wa jua upenye dari ukufikie. Kwa maneno mengine, dari linalong'aa sana si lile nene kuliko yote. Lifurahie, kisha usikae chini yake nusu saa ukitafuta picha nzuri zaidi.

Kwa hiyo ningekupangia hivi. Mwezi wa saba tembeeni juu ya barafu, kwa sababu hapo mna bahati kuliko wageni wa baridi. Sólheimajökull iko kama kilomita 160 kutoka Reykjavík, na Falljökull ipo upande wa Skaftafell, mbele zaidi. Zote zinaanzia chini karibu na usawa wa bahari, kwa hiyo yale maumivu ya kichwa ya Barafu Camp kule Kilimanjaro hayapo. Kiangazi theluji imeisha sehemu za chini, nyufa ziko wazi, unaiona hatari kwa macho yako. Usishangae kuona hamkufungwa kamba pamoja. Kwenye barafu tupu isiyo na mteremko mkali ndivyo inavyofanywa. Kamba inaanza kuwa ya lazima juu zaidi, ambako theluji imeziba nyufa na huzioni. Ule mkanda utakaovalishwa kiunoni ni wa kukuvutia juu ukiteleza ndani ya ufa.

Mtoto wa miaka 12 anakubalika; kampuni nyingi huweka miaka 8 au 10 kwa matembezi mepesi. Tuma namba yake ya kiatu mapema, kwa kuwa meno ya chuma hayafungi vizuri kwenye mguu mdogo mno.

Meno hayo, kramponi, ni fremu ya chuma yenye ncha 10 au 12 inayofungwa chini ya buti. Kutembea nayo kunafundishwa kwa dakika kumi, na wengi wanakosea jambo lilelile: wanakanyaga kwa ukingo wa soli kama walivyozoea kwenye njia ya mawe. Usifanye hivyo. Kanyaga bapa, ncha zote ziingie kwa pamoja. Tanua miguu kidogo ili mguu mmoja usikwaruze mwingine. Suruali pana ndiyo inayoangusha watu. Kupanda, geuza vidole nje kama bata. Kushuka, kunja magoti na uamini chuma. Na vaa glavu, hata jua likiwaka, kwa sababu uso wa barafu ya kiangazi ni mbuzi ya kukunia nazi. Ukianguka na viganja vitupu utarudi na damu. Nguo za sufu ndani, ya kuzuia mvua na upepo juu, jinzi iache hotelini.

Kama mtoto amekwisha kuahidiwa pango, kuna njia mbili za kulipa deni hilo bila mtaro. Kwenye Langjökull kuna handaki lililochimbwa na watu kwa mashine, likafunguliwa 2015, na linaingiliwa kiangazi pia. Au kaeni mjini: jengo la Perlan, Reykjavík, lina pango la barafu la kutengenezwa lenye urefu wa kama mita 100, ndani ya nyumba. Wazee wa kazi wanalicheka. Watoto hawalicheki hata kidogo.

Bluu yenyewe ije Februari. Mchana unakuwa umerefuka kuliko Desemba, ambapo mwanga hudumu kwa muda wa saa nne au tano tu. Jökulsárlón ni zaidi ya kilomita 370 kutoka Reykjavík, laleni njiani, msikimbizane na giza na utelezi. Kabla ya kulipa waulize: mwongozaji mmoja anachukua watu wangapi, ana cheti gani cha barafu, nani anakagua pango na saa ngapi, na mkifunga siku hiyo mnarudisha pesa au mnatupeleka kwingine? Anayejibu la mwisho bila kigugumizi ndiye aliyewahi kufunga, na huyo ndiye ninayempenda.

Buti sasa. Zishike kwa mikono miwili, moja kwenye ncha, moja kwenye kisigino, ukunje. Zikikataa kukunjika, na zinapita kifundo cha mguu, zinatosha kwa kramponi za kufunga kwa mikanda. Zikikunjika kama ndala, ziache, ukodi kule. Lakini za kwako zina jambo jingine: zimekaa kabatini tangu 2019. Ile sehemu laini ya kati ya soli huoza polepole kwa unyevu hata buti zikiwa hazivaliwi, kwa nje zinaonekana mpya, kisha soli inabanduka yote siku ya kwanza ya kazi. Nimeifunga soli ya mgeni kwa utepe wa gundi mara nyingi mno. Zivae wiki mbili kwenye mvua ya Aarhus, uende nazo kazini, sokoni, popote. Kama ni za kubanduka, zibanduke huko huko, karibu na kituo cha basi.