Mashine ya CD4 haihesabu virusi
Wengi wanadhani mashine ya kupima CD4 inahesabu virusi vya UKIMWI. Hapana ndugu, inahesabu seli nyeupe za kinga zenye alama iitwayo CD4 juu yake. Nafanya kazi maabara hapa Dar na hiki kitu kinawachanganya wagonjwa wengi sana. Damu inachanganywa na kingamwili zilizobandikwa rangi inayong'aa, zinaenda kushika seli zenye CD4, halafu seli zinapitishwa moja moja kwenye kimfereji chembamba kama abiria wa mwendokasi wanavyopita getini Kimara, kila inayopita inapigwa leza, yenye rangi inang'aa na mashine inaisoma, na ule mwanga unaotawanyika unaonyesha pia ukubwa wa seli na chembechembe zilizomo ndani. Virusi vina kipimo chao kingine kabisa, kinatafuta vinasaba vyao.

Na mashine hii inahesabu tu, haitenganishi seli. Kutenganisha seli kupo kweli ila ni mashine nyingine, ya bei kubwa, ya watafiti: maji yenye seli yanakatwa kuwa matone, tone lenye seli unayoitaka linapewa chaji halafu bati zenye umeme zinalivuta pembeni lidondoke kwenye kichupa chake. Mwanasayansi Mack Fulwyler aliionyesha mbinu hiyo kwenye maabara ya Los Alamos, Marekani, 1965, ingawa yake ilipima ukubwa wa seli tu, leza zilikuja baadaye.

Tukirudi kwenye kipimo cha mgonjwa, idadi ya CD4 inapanda na kushuka hata ndani ya siku moja, kwa hiyo ikipungua kidogo mara moja usiseme dawa imegoma, chini ya seli 200 kwa kila mikrolita ya damu ndio inahesabika ugonjwa umeendelea sana.