Unataka kuanza kolaji ya picha? Anza na karatasi ya chini

Kila wiki napata meseji za vijana wakiniuliza programu gani ya simu ni poa ya kuunganisha picha, na mimi jibu langu ni lile lile, weka simu kando kwanza, tafuta wembe, gundi na majarida ya zamani. Kolaji ni vipande vya picha unavyokata na kubandika pamoja mpaka viwe picha moja. Simu sina ugomvi nayo, ila kwa simu unafuta na kurudisha vile unataka kwa hiyo jicho halizoei kuamua.

Sasa kitu watu wanapuuza sana ni karatasi ya chini, ile unayobandika juu yake. Wengi wananunua manila nyeupe wanaanza kumwaga vipande, midomo hapa, gari pale, maua, na kazi inajaa tele lakini haisemi chochote. Mwangalie Wangechi Mutu, msanii wetu aliyezaliwa Nairobi 1972, akaenda kusomea sanaa Marekani. Mwaka 2006 alitoa seti ya kolaji 12, na hakuanza na karatasi tupu, alichukua michoro ya zamani ya vitabu vya udaktari, ile ya magonjwa ya kizazi cha mwanamke, akajenga nyuso juu yake kwa macho na midomo aliyokata kwa majarida na kuongezea pambo la kumetameta. Yaani ugonjwa uko chini, urembo wa jarida uko juu, na wewe unayetazama huwezi kutenganisha hivyo viwili. Mimi naona hapo nusu ya kazi imefanywa na karatasi ya chini kabla hata hajabandika kitu.

Kwa hiyo usikate chochote kabla hujapata karatasi yako, na isitoke mbali na maisha yako. Hannah Höch wa Berlin, mmoja wa walioanzisha huu mtindo, kuanzia 1916 mpaka 1926 alikuwa ameajiriwa na kampuni ya Ullstein akichora patani za kudarizi, yaani michoro ya kufuatisha, na patani za mafundi nguo zikaingia kwenye kolaji zake. Wewe unaweza kuwa na kalenda ya zamani, ramani, risiti. Mimi saa hii niko na ukurasa wa daftari la madeni la duka, ile mistari ya wino mwekundu imevuja kidogo, majina nimeyafunika na juu naweka mikono tu, hakuna uso hata mmoja, manake deni linajulikana kwa mkono uliopokea.

Ukikata, zungusha karatasi, mkono wenye wembe ubaki palepale, utapata kona laini. Karatasi ya jarida ukiikata inaacha ukingo mweupe, upake na penseli ya rangi inayofanana ukiwa umegeuza kipande, hapo ndo kinakaa kama kimezaliwa pale. Gundi paka nyembamba kwa brashi, lainisha na kadi ya plastiki kutoka katikati kwenda nje, kisha weka vitabu vizito juu yake usiku mzima la sivyo itajikunja. Karatasi ya gazeti la kila siku itageuka njano, kama hutaki hiyo rangi chukua jarida.

Na kabla ya gundi angalia vivuli, kama jua la karatasi ya chini linatoka kushoto na uso uliobandika unang'aa kulia, amua kama unataka huo ugomvi, kama hutaki tafuta uso mwingine.